Uzi Kutoka Lokris

Troya ilikuwa imeshaungua zamani, zamani hasa, kiasi kwamba majani yaliota juu ya majivu na watu wakajenga mji mwingine palepale, wakauita Ilion. Wafalme waliopigana pale walishakufa wote, wenye ngao za shaba na wenye magari ya farasi, hakuna aliyebaki. Lakini kosa moja la vita vile lilikataa kufa, na waliokuwa wakilibeba mgongoni walikuwa wasichana.

Kosa lenyewe ni hili. Mji ulipotekwa, binti wa mfalme aitwaye Kasandra alikimbilia hekaluni akaikumbatia sanamu ya Athena. Mtu aliyeshika sanamu ya mungu haguswi, hata mtoto mdogo alijua hivyo. Akaja Aias, shujaa wa Lokris, nchi ya ng'ambo ya bahari, akamvuta kwa nywele hadi sanamu yenyewe ikaanguka. Aias alifia baharini kwa hasira ya Athena, lakini mungu hakutosheka. Tauni ikaingia Lokris, mbuzi wakazaa wafu, na waaguzi wakatoa neno: kila mwaka, kwa miaka elfu, Lokris ipeleke wasichana wawili Ilion wakawe watumwa wa hekalu lile mwaka mzima. Na watu wa Ilion wana haki ya kuwaua njiani, kuanzia pwani mpaka mlangoni. Atakayefika mlangoni, amepona. Atakayeuawa, atachomwa kwa kuni za mti usiozaa na majivu yake yatamwagwa baharini, asiwe na kaburi wala wa kumlilia.

Mwaka huo kura iliwaangukia Themisto na Lisipe.

Themisto alikuwa binti mkubwa, mrefu, mkimya, mwenye mchumba aliyekuwa tayari ameshajenga nyumba. Lisipe alikuwa mtoto wa baba yake mdogo, umri wa kuchezea vibofu vya mbuzi bado, na mdomo wake haukujua kulala. Siku ya kuondoka, mama yake Lisipe hakulia. Alimshika Themisto mkono wa kulia akauminya mpaka mifupa ikagongana.

"Huyu hajui hatari," alisema. "Wewe unajua. Nifikishie mlangoni."

"Nitamfikisha, mama mdogo."

Basi. Hakuahidi kitu kingine, na safari nzima ahadi hiyo ilimkaa kooni kama mfupa wa samaki.

Wakanyolewa vipara kwenye meli, kama desturi ilivyotaka. Wakavuliwa viatu na mishipi, wakaachiwa kanzu moja moja ya sufu. Kanzu zenyewe zilikuwa nyepesi mno. Wamama wa Lokris walizifuma kwa uzi mwembamba makusudi, ili binti akikimbia asilemewe. Kila nyumba ilijisifia kanzu nyepesi kuliko ya jirani.

"Dada Themisto," Lisipe aliita, akijipapasa kichwa. "Kipara kimenikaa vizuri, au nimekuwa kama yai la bata?"

"Yai la bata lina adabu kuliko wewe. Nyamaza ukariri."

"Nimekariri! Tusipite barabarani, tufuate mto. Tusipige kelele. Tusigeuke nyuma."

"Na ukikamatwa?"

"Nishike magoti ya mtu."

Ndivyo alivyowafundisha shangazi yao Nikaia, mmoja wa wachache waliokwenda Ilion wakarudi. Aliyeshikwa magoti na mtu anayeomba uhai hawezi kumuua, maana Zeus mwenyewe anatazama. Watu wa Ilion nao walilijua hilo vizuri sana. Ndiyo maana siku ya mawindo walikuja na fimbo ndefu kama milingoti, ili wampige msichana kabla hajawasogelea. Na asubuhi hiyo walinyoa ndevu zote, maana kushika ndevu za mtu nako ni kuomba uhai, na hawakutaka kumwachia mtu cha kushika.

"Na mkono usipomfikia?" Themisto aliuliza tena.

"Uzi," alijibu Lisipe, safari hii bila mzaha. "Uzi uliofungwa kwa mtu ni mkono."

Hilo lilikuwa fundisho la mwisho la shangazi Nikaia, na lilikuwa na historia yake. Troya ilipokuwa inaungua, wanawake kadhaa walifunga nyuzi kwenye madhabahu ya Athena, wakateremka mlima mzima wamezishika, wakapita katikati ya jeshi. Askari wenye mapanga yanayochuruzika damu waliona nyuzi zile wakajitenga pembeni. Aias alikuwa mmoja tu. Wengine walimwogopa mungu. Na wote wanaoishi Ilion leo ni wazao wa wanawake wale.

Meli iliwashusha alfajiri, ukungu ukiwa umelala juu ya maji mzito kama maziwa ya kondoo. Nahodha hakuaga. Aliwasukuma mgongoni mmoja mmoja, kisha makasia yakaanza kurudi nyuma haraka kana kwamba wasichana wale ndio tauni yenyewe.

Wakakimbia. Mchanga, kisha changarawe, kisha matope ya mdomo wa mto Simoi. Themisto alitangulia akipasua matete kwa mikono, na nyuma yake alisikia Lisipe akihema. Walikuwa wamefika mbali, mbali kuliko alivyotegemea, pale sauti ya kwanza ilipotoka juu ya ukingo.

"Nimeona nyayo! Ndogo! Hapa mtoni!"

Zikajibu sauti nyingine, kulia na kushoto. Walikuwa wengi. Fimbo zikaanza kupiga matete, papa, papa, papa, kama watu wanaofukuza sungura.

"Lala chini," Themisto alinong'ona. "Majini. Bakiza pua tu."

"Na wewe?"

"Lala, Lisipe!"

Yeye aliendelea mbele kwa magoti, na hapo ndipo alipomwona mwanamume peke yake, anavuka mto. Maji yalimfika mapajani. Alikuwa ameichomeka fimbo yake chini ili mkondo usimwangushe, kwa hiyo hakuweza kuiinua. Kidevu chake kilikuwa kimetoka kunyolewa, cheupe kuliko uso wote. Themisto hakufikiri. Alizama, akaogelea chini ya maji mpaka akagonga kitu kigumu, akakikumbatia kwa mikono miwili. Yalikuwa magoti.

Alipoinua kichwa kuvuta pumzi, mwanamume alikuwa anamtazama kama mtu aliyekanyaga nyoka.

"Achia," alisema.

"Siachii. Kwa Zeus anayewalinda waombao, naomba uhai."

"Achia nikwambie, msichana!"

"Unanijua natoka wapi," Themisto alisema, meno yakigongana kwa baridi. "Mnatuua kwa sababu Aias alimvuta mtu aliyekuwa anaomba. Haya, nivute. Nivute kama alivyovuta yeye, halafu Ilion nayo itakuwa na Aias wake. Unaitwa nani, nikamtajie Athena?"

Mwanamume aliitazama fimbo yake, kisha mikono iliyomkumbatia. 

"Thimbrio," alisema mwishowe. "Na mimi si Aias."

Wenzake walikuwa wameshafika ukingoni. Waliona, wakasimama. Mmoja wao, mnene, mwenye sauti kama pembe, akaangua kicheko. Huyo aliitwa Akmon.

"Thimbrio! Umekwenda kuwinda umewindwa wewe! Sasa utamlea au utamuoa?"

"Funga mdomo, Akmon."

"Yuko mwenzake humu. Huyo ni wetu. Pigeni matete!"

Themisto akiachia magoti kumfuata Lisipe, wote wawili wamekufa. Asipoachia, Lisipe amekufa. Fimbo zilikuwa zinasogea kuelekea pale pale alipomlaza. Papa. Papa.

Akainamisha kichwa, akakamata upindo wa kanzu yake kwa meno, akauvuta. Uzi ukatoka. Kwa mkono mmoja amekumbatia goti, kwa mkono mwingine akaupitisha uzi kwenye mshipi wa Thimbrio akaufunga fundo, akalikaza kwa meno. Kisha akaachia.

Fimbo ya Akmon ikapaa.

"Uzi!" Themisto alipaza sauti. "Nimefungwa kwake! Ukinipiga mimi umempiga bibi yako!"

Fimbo ilibaki hewani. Wanaume walitazamana. Hakuna hata mmoja pale ambaye bibi yake wa kale hakuteremka mlima ule na uzi mkononi. Bila uzi ule wasingezaliwa. Akmon alishusha fimbo polepole, uso umemvimba.

Themisto akarudi kinyumenyume ndani ya maji, kanzu ikifumuka safu kwa safu, uzi ukirefuka juu ya mto mwembamba kama utando wa buibui, mpaka alipofika kwenye matete. Akatumbukiza mkono akamvuta Lisipe nje kwa kwapa. Midomo ya mtoto ilikuwa ya bluu.

"Shika mkono wangu. Usiuachie hata ukikatwa."

"Dada, kanzu yako inaisha," Lisipe alisema, akitetemeka.

"Basi tuombe mlango uwe karibu."

Thimbrio alipanda ukingoni. Sheria ilimlazimu kumfikisha mwombaji anakotaka kwenda, na yeye alikuwa mtu wa sheria. Ungeona tu anavyotembea, mgongo umenyooka kama ukuta. Themisto alitaka kumsogelea amshike mshipi kwa mkono, lakini Akmon na wenzake walizileta fimbo zao zikakaa vifuani mwa wasichana, zikawasukuma nyuma, na nyuma, na nyuma.

"Uzi hatukati," Akmon alisema, akitabasamu. "Nani akate? Tunamwogopa mungu. Lakini hakuna sheria inayosema lazima mkaribiane. Ukikatika wenyewe, ni Athena amekataa. Thimbrio! Pitia kwenye miiba, ndugu yangu!"

"Nitapita njia yangu ya kila siku," Thimbrio alijibu bila kugeuka.

Ndivyo walivyokwenda. Mwanamume mbele, peke yake. Nyuma yake uzi. Nyuma ya uzi wasichana wawili wenye vipara, miguu inatoka damu, na pande zote wanaume waliotembea kimya wakiutazama uzi ule jinsi watu wenye njaa wanavyotazama sufuria. Kila ulipopita juu ya jiwe, waliinama kutazama. Kila mbuzi alipokatiza, walivuta pumzi. Themisto aliushika kwa vidole viwili, anaulegeza ukikaza, anaukaza ukilegea, na kila hatua aliisikia kanzu ikipanda juu ya mashavu ya miguu yake. Moyoni aliwalaani wamama wote wa Lokris na sifa zao za nyuzi nyembamba. Kwa nini hawakufuma nzito? Kwa nini walifikiri mbio tu?

Wakaingia lango la mji. Watu walikuwa juu ya mapaa, wameshika mawe, wakashangaa hakuna anayerusha. Barabara ilipanda kwa ngazi kuelekea hekaluni, na nguzo zake nyeupe zilionekana tayari juu ya nyumba. Hapo, kwenye kona ya kisima, uzi ulipita juu ya ukingo wa jiwe ulioliwa na kamba za ndoo.

Themisto aliisikia. Haikuwa sauti. Vidole tu viliingiwa na wepesi, kama unapopandisha ndoo na kamba ikakatika.

Alitazama mbele. Mgongo wa Thimbrio ulistuka. Naye alikuwa ameisikia.

Sasa, mtu yule alikuwa na haki zote. Neno moja tu angesema, na asingekuwa Aias wala nani. Mungu mwenyewe angekuwa amekata. Themisto aliona kichwa chake kikigeuka nusu, aliona kile kidevu cheupe, akamkaza Lisipe mkono akingoja.

Thimbrio akapeleka mkono nyuma ya mshipi, akaufunga ngumi, akaunyoosha kidogo kama mtu anayeushikilia uzi usimponyoke. Akaendelea kupanda.

Themisto naye akanyoosha mkono wake mbele, akaushika hewani uzi usiokuwapo. Lisipe alitazama chini, akaona uzi umekatika. Kisha akavuta pumzi.

"Enyi wanaume wa Ilion!" alipiga kelele, sauti yake nyembamba ikapanda hadi kwenye mapaa. "Mmenyoa ndevu kwa kuniogopa mimi? Mimi? Nyumbani hata bata ananifukuza!"

Juu ya paa mtu akacheka.

"Na wewe mnene! Kidevu chako kinafanana na goti la mama yangu! Bora ungeacha ndevu, mkeo akapumzisha macho!"

Sasa paa zima lilicheka, na Akmon akawa mwekundu mpaka masikioni. Macho yote yalikuwa kwa Lisipe. Alitukana ngazi baada ya ngazi, machozi yanamtiririka na mdomo hausimami. Alitukana fimbo zao, alitukana mbuzi wao, alitukana supu ya Ilion ambayo hajawahi kuionja. Mlango ulikuwa pale, wa shaba, uko wazi, wanawake wawili wenye vipara, wale wa Lokris wa mwaka uliopita, wamesimama ndani wameshika mafagio.

Upepo ulipita. Ukaokota ncha ya uzi kwenye ngazi, ukaipeperusha polepole mbele ya miguu ya Akmon.

"Umekatika," alisema, kwanza kwa mshangao tu. Kisha kwa nguvu: "Umekatika! Umekatika tangu chini!"

"Ingieni!" Thimbrio alinguruma. Akageuka, akailaza fimbo yake ngazini kama komeo. Themisto akamsukuma Lisipe kwa nguvu zake zote, mtoto akavuka kizingiti kwa kifua, na yeye akaanguka juu yake. Jiwe liliingia nyuma yao likagonga sakafu likabiringika.

Tumefika! Nimekufikishia, mama mdogo. Hilo tu lilimjia, kisha akasikia fimbo zikianza kushuka. Hazikuwashukia wao.

"Uliuficha! Ulimdanganya mungu!" Akmon alikuwa anapiga na kulia kwa hasira. "Kwa watoto wa Lokris! Kwa damu ya Aias!"

Thimbrio hakupiga mtu. Alikinga, kisha akashindwa kukinga, kisha akawa anatambaa kupanda, mkono umenyooshwa kuelekea mlangoni. Hakufika.

"Usitoke!" mmoja wa wale wanawake alimshika Themisto bega. "Ukivuka kizingiti watakuua, na ulikuja bure."

Hakutoka. Aliliokota lile jiwe walilotupiwa, akavuta uzi kutoka kwenye kanzu, akalizungushia, akalifunga. Akarusha. Likaangukia mbali na mkono wa Thimbrio. Akalivuta, akafumua tena, kanzu ikiwa imeshafika juu ya magoti, akarusha tena. Safari hii liligonga kiganja. Vidole vikajifunga juu yake. Themisto akaikumbatia nguzo ya ndani kwa mkono mmoja.

"Uzi!" Lisipe alilia kutoka sakafuni. "Tazameni! Uzi! Amefungwa hekaluni!"

Fimbo zilisimama. Akmon alibaki ameinua mikono, anahema, anautazama uzi uliotoka kwenye ngumi iliyovunjika, ukavuka ngazi, ukavuka kizingiti, ukaingia kwenye kanzu ya msichana aliyekuwa ameikumbatia nguzo ya Athena. Wote waliutazama. Akashusha fimbo yake, akaiweka chini taratibu, akakaa palepale ngazini kama mtu aliyesahau kwao ni wapi.

Themisto aliushika uzi kwa vidole viwili, kama alivyofanya njia nzima. Uzi ulikuwa unavutika kidogo. Ukaacha. Ukavutika tena, kidogo zaidi. Alingoja. Jua lilikuwa limeshautoa ukungu wote, na uzi ukang'aa, ukatulia, na haukuvutika tena.

Kwa kuwa alikufa ameushika, alikuwa mgeni wa mungu. Hawakuweza kumchoma kwa kuni za mti usiozaa wala kumtupa baharini kama msaliti. Iliwabidi wamzike, na walimzika karibu na ngazi, bila jiwe na bila jina, wakaondoka. Wale wanawake wawili waliomaliza mwaka wao walivua funguo shingoni, wakamkabidhi Themisto.

"Karibu," mmoja alisema, si kwa ubaya. "Maji yako kisimani kwa ndani. Kazi ya kwanza ni kuosha ngazi, na zinaoshwa giza likiingia, watu wakishafunga milango. Hata hapo hawakugusi ila ukivuka ngazi ya chini."

Basi wakaziosha, Lisipe akimwaga, Themisto akisugua kwa magoti, na kanzu yake iliyobakia fupi ikilowa maji mekundu. Lisipe hakusema neno. Alikuja kusema tena baada ya muda mrefu, na hakuwahi kusema kama zamani.

Walirudi Lokris mwaka uliofuata. Mchumba wa Themisto alikuwa ameshaoa, na watu hawakutaka sana kusikia habari za Ilion. Walitaka kujua tu kama tauni haitarudi. Lakini yeye aliwaita wamama wote wenye mabinti, akaketi nao kwenye mitambo ya kufumia, akawaonyesha namna ya kufuma upindo wa kanzu kwa nyuzi mbili zilizosokotwa pamoja, zenye fundo kwenye kila pembe. Walilalamika kwamba ni nzito. Aliwaambia afadhali nzito.

Waandishi waliokuja kuandika habari za miaka ile waliandika jina la Aias, kwa sababu majina ya namna ile hayapotei. Hawakuandika ya wasichana. Ilion yenyewe haikulitaja kamwe jina la mtu wa ngazini. Ila Lokris, hata baada ya ile miaka kwisha na hakuna tena aliyekumbuka walikuwa wanakwenda wapi mabinti wale, mama akimfundisha binti yake kufuma, akifika kwenye pembe ya upindo alimwambia: hapa usikimbilie kumaliza, hapa funga thimbrio. Na binti alifunga fundo lile mara mbili, akalikaza kwa meno, bila kujua kwamba ni jina la mtu.